Modesta wa Pembeni

Ukivuka ziwa kutoka Mwanza mjini kwenda Kamanga, usikimbilie kushuka. Wageni hukimbilia. Husukumana na pikipiki na magunia, wakaenda kusimama mlangoni kivuko hakijafungwa, wakidhani kuna watakachowahi. Wenyeji hubaki wamekaa, macho mbele, kwa sababu wanajua kinachofuata. Hutokea dada mmoja mwembamba, jaketi la kujiokolea kifuani, mabuti ya mpira miguuni, ameshika kamba nene ya kufungia kivuko. Huitazama gati mara moja tu. Kisha hugeuka na kuanza kumwambia mama fulani amshike mtoto vizuri, na huku mdomo unasema na yule mama, mkono unairusha kamba kupitia juu ya bega. Kamba hupaa, ikajikunjua yote angani, ikaenda kukaa kwenye nguzo ya chuma kama vile imetumwa. Abiria hushangilia kila siku, na kila siku dada hukunja uso, maana hapendi kelele kazini.

Jina lake ni Modesta Luhende, mzaliwa wa Mabatini, na kabla ya mabuti hayo alikuwa mmoja wa wasichana watano waliocheza jimnastiki ya midundo kwa jina la Mwanza. Walicheza Dar es Salaam, wakacheza Nairobi, wakarudi na medali ambayo mama yake ameitundika dukani juu ya masufuria, karibu na leseni ya biashara, ili afisa akija kukagua moja aione na nyingine. Goti la kushoto ndilo lililomwambia basi, na kwa goti hilo hana kinyongo. Lakini kabla ya medali, nusura aikose Dar yenyewe. Watu wa Kamanga hukivuruga kisa hicho, kila mmoja akiongeza chumvi yake, kwa hiyo heri kisimuliwe hapa kilivyokuwa.

Kwa asiyeujua mchezo wenyewe: wasichana watano wanaingia kwenye zulia, nywele zimebanwa, nguo zimefanana, kila mmoja na ringi yake kubwa inayomfika kiunoni. Muziki ukianza wanairusha juu, na ringi ikiwa hewani hawasimami kuikodolea macho kama ambavyo mimi na wewe tungefanya. Wanabingirika chini, wanazunguka, wanainua mguu mpaka unapita sikio, kisha wananyoosha mkono mgongoni, mahali pasipo na jicho, na ringi inatua humo. Halafu wanarushiana wote kwa mpigo, ringi zinapishana juu bila kugongana. Ukiona mara ya kwanza utatafuta uzi.

Modesta aliuona mara ya kwanza akiwa na miaka tisa. Alikuwa kwenye halaiki ya sherehe za kitaifa pale uwanja wa Kirumba, mamia ya watoto waliopangwa kuchora sangara mkubwa, na kazi yake yeye ilikuwa kuwa sehemu ya mkia. Mwalimu Fadhila Nurdin, mwalimu wa michezo aliyetoka katika ukoo wa wauza vitambaa mjini, alikuwa akipita mistarini akitafuta watoto wenye migongo laini. Akamgusa bega. "Kesho mwambie mama yako akulete ghalani."

Ghala lilikuwa la pamba, enzi ambazo pamba ilikuwa pamba. Sasa lilikaa tupu kando ya reli, popo juu, vumbi chini, na Mwalimu Fadhila alilipendea kitu kimoja tu, paa lake lilikuwa mbali sana. Modesta alisimama mlangoni ameshika mkono wa mama yake. Ndani kulikuwa na msichana mmoja, peke yake katikati ya sakafu. Akairusha ringi. Ikapanda, ikapanda, mpaka ikagusa mbao za paa, na kule juu pamba ya miaka iliyopita, iliyokwama mbaoni tangu watu walipofunga kazi, ikaachia na kuanza kushuka polepole, nyeupe, katika jua lililopenya matundu ya bati. Yule msichana alibingirika chini ya pamba ile, akainuka akiwa amelipa paa mgongo, mkono nyuma, na ringi ikaingia mkononi. Modesta alisahau kufumba mdomo. Mpaka leo ukimuuliza kama anaamini Mungu yupo, hukujibu kwamba anaamini, halafu huanza kukusimulia habari za ghala.

Msichana huyo alikuwa Winnie Shimba, aliyemzidi Modesta mwaka mmoja na kila kitu kingine. Winnie alikuwa na kipaji cha kukera. Zoezi ambalo wenzake walililia wiki nzima, yeye alilitazama mara moja akalifanya, kisha akauliza kama kuna lingine. Hakuna aliyewahi kumwona akiangusha kitu. Walisema hata kikombe nyumbani kwao kinaogopa kumponyoka. Modesta hakumwonea wivu, kwa kuwa wivu ni wa mtu unayedhani unaweza kumfikia. Alimtazama tu, akashukuru kwamba wanamruhusu kukaa chini ya paa moja naye.

Yeye Modesta aliangusha. Aliangusha miaka kadhaa. Ringi zile Mwalimu alikuwa amezitengeneza kwa mabomba ya plastiki ya maji, akazizungushia utepe wa kijani, na zilipokuja puani ziliuma kama mabomba. Moja ilimtoroka mpaka nje, ikateremka relini, akarudi nayo watu wa vibanda wakimcheka. Lakini mwili wake ulikuwa na jambo ambalo Mwalimu hakulipatia jina. Ulijua kufuata. Wenzake wakienda alikwenda, wakivuta pumzi alivuta, na ukimwondoa, wale wanne waliobaki walianza kuachana bila kujua kwa nini. Kwa hiyo Mwalimu alipounda kundi lake la watano alimweka Winnie katikati, mapacha wa Igoma upande mmoja, Mboni Salum upande wa pili, na Modesta baada ya Mboni, pembeni kabisa.

Palimuuma pale pembeni. Alijua maana yake, au alidhani anajua. Unaficha kibaya mahali ambapo macho ya watu hayafiki haraka. Likizo ilipofika akaenda nayo huzuni hiyo Usagara, nje kidogo ya mji, kwa bibi yake mzaa baba, Bibi Dorotea.

Bibi Dorotea alikuwa amecheza bugobogobo ujana wake wote. Hiyo ni ngoma ya majembe. Huanza kama kazi. Watu hujipanga shambani mstari mmoja, ngoma ikapigwa, majembe yakapanda pamoja na kushuka pamoja, na shamba likalimika kabla mtu hajakumbuka kuchoka. Kisha kazi hugeuka mchezo. Majembe hurushwa hewani yakizunguka, chuma na mpini, na kila mtu akadaka la kwake. Na jembe si ringi. Likiukosa mkono, linaweza kuupata mguu.

Kundi la kina Bibi Dorotea lilikuwa na sheria yake. Mtu akidondosha jembe, haruhusiwi kuinama kuliokota, maana anayeinama katikati ya mstari huwavunja wote. Jirani yake humrushia la kwake papo hapo. Jirani naye hurushiwa na aliye kando yake, hivyo hivyo, mpaka mkono mtupu unafika mwisho wa mstari, na yule wa mwisho hucheza bila jembe hadi ngoma inyamaze. Baada ya hapo hakuna wa kuuliza nani alidondosha. Kuuliza ni kukosa adabu. Ila aliyedondosha anajijua, na siku watakayokutana tena atamrushia yule wa mwisho jembe, mbele za watu, na kusema neno moja tu la Kisukuma, wabeja, yaani asante. Hapo wote wanamjua, na hapo hapo neno limekwisha.

"Wewe ulikuwa unasimama wapi, bibi?" Modesta aliuliza.

"Mwisho."

"Siku zote?"

"Siku zote. Mpaka namzaa baba yako, na baada ya hapo."

Modesta akasikitika kwa ajili yao wote wawili. "Kwa sababu ulikuwa hujui?"

"Kwa sababu nilikuwa na mdomo. Manju wetu aliniogopa, akaniweka mbali na wageni." Bibi Dorotea alicheka peke yake, akaweka chini ungo wa mchele, akasimama na kujifunga kitenge upya. "Hebu tazama."

Akainua mikono mitupu. Alikuwa mzito wakati huo, na magoti yake yalilalamika kwa sauti, lakini mikono ilipopanda, mabega yalishuka kidogo kama yanavyoshuka mtu akiwa na uzito mkononi. Akalima mara moja, mara mbili. Akarusha. Shingo yake ikafuata kitu hewani, miguu ikapiga, mwili ukageuka, na viganja vikafunga juu ya kitu hicho kwa namna iliyomfanya kuku akimbie. Modesta aliliona jembe. Anaapa aliliona, mpaka na mpini uliolika pale vidole vinaposhika. Nywele zilimsimama. Siku zote zilizobaki za likizo alikuwa nyuma ya nyumba akirusha vitu ambavyo havipo, na Bibi Dorotea akimfokea kutoka jikoni kwamba kimoja kimeanguka.

Aliporudi ghalani aliwasimulia wenzake. Mapacha walicheka. Mboni aliuliza maswali. Winnie ndiye aliyecheka zaidi.

"Kwa hiyo hasara ya watu wote inakuja kulala kwako," alisema. "Pole, Modesta wa Pembeni."

Jina likashika, na kwa kuwa lilitoka kwa Winnie, Modesta alilipokea kama zawadi.

Alikuwa na miaka kumi na sita yalipokuja mashindano ya Kanda ya Ziwa, na makundi mawili ya kwanza yangekwenda Dar kwenye yale ya taifa. Modesta hakuwahi kutaka kitu kama alivyoitaka Dar. Hakuitakia bahari wala magorofa. Mwalimu Fadhila alikuwa amewaambia kwamba ukumbi wa kule una zulia lenyewe la mchezo, lenye springi chini yake, kwamba ukiruka linakuongezea na ukianguka linakupokea. Modesta, aliyejifunza yote aliyojifunza juu ya saruji ya ghala la pamba, alilala akiwaza hilo zulia.

Lakini kulikuwa na Precious. Precious alikuwa akiba wa kundi, mtoto wa miaka kumi na miwili asiye na mifupa, na kila wiki alizidi kumkaribia Modesta. Wote waliona. Mwenye macho haambiwi tazama. Siku chache kabla ya Kanda, Mwalimu aliwakalisha chini.

"Ringi ikianguka, kundi zima linakatwa alama," alisema. "Sasa sikilizeni. Atakayeangusha siku hiyo, Dar anakwenda Precious badala yake. Nimesema mapema ili nisilaumiwe."

Aliwaambia wote, ila macho yake yalimalizia kwa Modesta. Precious alitazama vidole vya miguu yake kwa aibu, maana alimpenda Modesta, na aliipenda Dar.

Mashindano yalifanyika hapa hapa Mwanza, katika ukumbi wa chuo kimoja. Mcheza kwao hutunzwa, na Bibi Dorotea alikuja kutoka Usagara na wenzake wawili wa enzi za majembe, vitenge sare, noti zimekunjwa tayari ndani ya ngumi. Ilibidi mama yake Modesta awaeleze mara tatu kwamba huu si mchezo wa kwenda katikati kumbandika mtu pesa kwenye paji la uso. Walikubali kwa shingo upande. Mbele yao kulikuwa na meza kuu, imefunikwa kitambaa cheupe kinachogusa sakafu, maua ya plastiki juu, na mgeni rasmi amekaa kwenye kochi nyuma yake.

Na juu, darini, kulikuwa na feni. Ghala halikuwa na feni. Mwalimu Fadhila aliziona mara tu alipoingia.

"Mtarusha chini ya feni," aliwaambia. "Mnanisikia? Winnie, na wewe pia."

Jambo la pili lilikuwa waya. Spika ya ukumbi ilikatakata sauti, na fundi alikuwa amekwenda kula. Mwalimu aligundua kwamba ukiushika waya kwa nguvu pale unapoingia, muziki unatulia. Hivyo wasichana wake walipoitwa, yeye alikuwa amepiga magoti nyuma ya spika, ameukamata waya kwa mikono yote miwili, uso ukutani. Alicheza nao kwa masikio tu, masikini.

Walianza vizuri mno. Kuna siku mwili unakuzidi akili, na siku hiyo iliwajia watano kwa pamoja. Waliporushiana, Modesta alihisi ringi ya Mboni ikimwingia mkononi kabla hajaifikiria, akahisi kwamba hakuna tena mikono kumi pale, kuna kitu kimoja kikubwa kinachopumua, na yeye ni sehemu yake. Aliogopa kwa furaha. Hakuwa amejua kwamba mtu anaweza kuwa mkubwa hivyo.

Kilibaki kipande cha mwisho, ambacho kila mmoja hucheza na ringi yake mahali pake. Winnie akarusha. Labda aliusahau ukumbi, akajiona yuko ghalani na paa liko mbali. Labda hakusahau. Ringi ilipanda zaidi ya za wenzake, ikapendeza zaidi ya zote, ikagonga feni. Ikaruka pembeni, ikatua kwenye ukingo wake, ikabingirika kwa heshima zote mbele ya majaji, ikainua kitambaa cha meza kuu na kuingia chini. Kitambaa kikashuka. Mgeni rasmi akainua miguu.

Winnie alisimama katikati ya zulia, mikono mitupu. Ringi ya akiba ilikuwa kwenye kona ya mbali, na kanuni inamtaka aliyepoteza aikimbilie. Hakukimbia. Mtu ambaye hajawahi kuangusha hajawahi pia kujifunza la kufanya baada ya kuangusha.

Modesta hakuamua. Angeamua, angeikumbuka Dar. Mboni alikuwa amegeukia upande wa pili, kwa hiyo ringi ya Modesta ilimpita Mboni mgongoni, ikavuka, ikashuka mbele ya Winnie mahali ambapo mikono yake ilikuwa imezoea kukuta ringi. Mikono ikaikamata yenyewe. Winnie akaendelea.

Na Modesta akacheza na hewa. Akaizungusha kiunoni, na kiuno kikaihisi. Akaibingirisha toka bega la kulia mpaka la kushoto, akainamisha shingo ipite. Ulipofika mrusho wa mwisho, ringi nne zilipanda na mkono wake ukapanda nazo, macho yake yakafuata ya tano mpaka chini kidogo ya feni. Akabingirika, akainuka, akanyoosha mkono mgongoni, vidole vikafunga. Muziki ukakatika. Kulikuwa na kimya kifupi, na katika kimya hicho mwanamume mmoja wa viti vya nyuma akamuuliza jirani yake kwa sauti ile ringi moja imepotelea wapi, si ilikuwa mkononi mwa yule dada sasa hivi? Ndipo makofi yakaanza.

Majaji hawakudanganyika. Chini ya meza kuu palikuwa na ringi, na alama zikakatwa. Mwanza ikawa ya pili. Dar wangekwenda, kwa hiyo Modesta aliweza kufurahi kwa dakika kadhaa kabla Mwalimu Fadhila hajawakusanya nyuma ya ukumbi, penye tangi la maji, viganja vyake bado vina alama ya waya.

"Hongereni," alisema. "Sasa niambieni. Nani?"

Wazazi walikuwa wamerekodi, lakini kila mzazi alimrekodi wa kwake, na mama yake Winnie alikuwa zamu hospitalini. Majaji walikuwa wameandika kosa, hawakuandika jina. Mapacha walikuwa upande wao, hawakuona mwanzo wake. Winnie alikuwa amekuwa wa rangi ya majivu, anatazama bomba la tangi likidondosha. Mboni aliwahi kugeuka, akaona ringi ikifika. Alifumbua mdomo, na Modesta akamkanyaga mguu.

Si kwamba hakuona anachokiacha. Alikiona chote, springi kwa springi. Lakini swali lile halikutakiwa kuulizwa, na kwa kuwa limeshaulizwa, ilibidi litue mahali. Mkono mtupu ulikuwa umeshafika kwake. Baada yake hapakuwa na mtu.

"Mimi, Mwalimu."

Mwalimu Fadhila alimtazama kwa huzuni ya mtu aliyetegemea jibu hilo hilo. "Nilishasema, Modesta."

"Ndiyo, Mwalimu."

Bibi Dorotea alimkuta amekaa kwenye ngazi. Alikuwa amejaa sifa. "Wenzangu wamekufa kwa wivu," alisema. "Kumbe kipande kigumu, kile cha mikono mitupu, walikupa wewe." Ndipo akaona machozi. Bibi Dorotea hakuwa mtu wa kukawia kuelewa mambo ya mstari. Alikaa chini taratibu, goti moja baada ya jingine.

"Mkono mtupu ulitoka kwa nani?"

"Hilo haliulizwi, bibi."

Bibi kizee akacheka, akacheka mpaka akashika ukuta, wenzake wakaja mbio wakidhani amepatwa na kitu. Alijifuta macho kwa pindo la kitenge, na aliyafuta muda mrefu kuliko kicheko kilivyohitaji. Noti iliyokuwa ngumini tangu asubuhi akaibandika kwenye paji la uso la mjukuu wake, pale pale ngazini, na jasho likaishika.

"Mazoezini utakwenda," alisema. "Mtu akitaka kurudisha jembe, asije akakukosa."

Alikwenda. Ilikuwa kazi ngumu kuliko kucheza. Alikaa kwenye benchi la ukutani, akawabebea maji, akamwonyesha Precious jinsi ya kuvuta pumzi pamoja na Mboni. Precious alikuwa mzuri, hilo lilimuuma na kumfurahisha. Aliyeharibika ni Winnie. Alirusha chini chini, kama mtu anayeogopa kumwamsha mgonjwa. Mwalimu alimfokea, akambembeleza, akamfokea tena. Winnie aliitika kila kitu na hakutazama benchi hata siku moja.

Siku ya mazoezi ya mwisho kabla ya safari, walicheza wote watano kwa muziki. Walipofika kipande cha mwisho, kila mmoja mahali pake na ringi yake, Winnie akageuka. Aligeuka upande usiohusika, akalitazama benchi, akarusha.

Miaka yote tangu alipokuwa mtoto wa mlangoni, Modesta hakuwahi kuona mrusho kama ule. Ringi ilikwenda juu mpaka ikapotea katika giza la paa, ikagonga mbao, na pamba iliyokuwa imebaki kule yote ikaachia. Miguu ya Modesta ilikuwa imeshasimama. Hakuitafuta kwa macho. Alizunguka mara moja, akautoa mkono mgongoni, na ringi ikashuka ikaja nyumbani.

"Wabeja," alisema Winnie.

Kisha akajaribu kuendelea kwa mikono mitupu. Alijaribu kweli. Lakini mikono yake haikujua kushika kisichokuwepo. Ilikuwa mikono tu, inapunga, na kila mtu ghalani aliona kwamba haina kitu. Winnie naye akaona. Akasimama analia, pamba ikimtua kichwani.

Mwalimu Fadhila alizima muziki. "Hii ndiyo nini?"

Mboni ndiye aliyemweleza, kwa maneno machache, habari za majembe ya Usagara na nani hurudisha nini kwa nani. Mwalimu alisikiliza. Aliitazama ile mikono ya Winnie, akazikumbuka sifa ambazo watu walimpa yeye Mwalimu siku ya Kanda kwa kipande cha mikono mitupu ambacho hakukipanga. Alijishika kichwa.

"Na mimi nilikuwa natazama ukuta," alisema.

Winnie alikuwa ameanza kuondoka katikati.

"Unakwenda wapi?"

"Ulishasema, Mwalimu. Atakayeangusha."

"Nilisema kabla sijajua ninachosema. Rudi mahali pako. Modesta, na wewe rudi."

Modesta alipita mbele ya Winnie, na Winnie akamgusa mkono, basi, hawakuhitaji zaidi. Akapita mbele ya Mboni. Alikuwa akienda pembeni, na kwa mara ya kwanza alikwenda kama mtu anayerudi kwake. Ila ringi aliyoishika ilikuwa ya Winnie, na Winnie hakuwa na kitu mkononi, na Modesta akageuka ili amrushie, kwa mazoea.

Aliwahiwa. Ringi nyingine ilikuwa tayari hewani. Precious, ambaye hakuna aliyekuwa amemwambia neno, ambaye Dar yake ilikuwa imekufa dakika hiyo hiyo mbele ya macho yake, alikuwa ametoka pembeni mwenyewe na kumrushia Winnie ringi yake. Sasa alisimama hatua chache nyuma ya mahali pa Modesta, machozi yanamtiririka mpaka kidevuni, mikono mitupu.

Modesta alimtazama mtoto yule na mwili ukamsisimka wote. Mwalimu akawasha muziki, wakaanza upya toka mwanzo, na kila alipogeuka Modesta alimwona kule nyuma, baada ya mwisho wa mstari, Precious akirusha na kudaka, na ringi yake ilionekana.